Maji Niliyokupa

Shamba la Ng'ombe wa Maziwa,
S.L.P. 9,
Gilgil.
15 Septemba, 1957.

Mpendwa binti yangu Akeyo,

Salamu nyingi kutoka huku kwenye baridi. U hali gani, na mkwe wetu Micah anaendeleaje na kazi yake ya stima hapo Jinja? Na Nabalayo wetu je, tayari anakimbia? Sisi tu wazima. Mama yako Adero alishikwa na kikohozi mwezi wa saba, lakini amepona na amerudia kelele zake. Mimi mgongo umeanza kukataa kuinama, ila mkono bado unashika kalamu.

Barua yako ya Julai ilifika salama. Umeomba tukae na Nabalayo miaka miwili wakati unasomea uuguzi. Mama yako aliposomewa alianza kushona godoro dogo siku hiyo hiyo. Nimechelewa kukujibu, na usiilaumu posta. Kuna jambo ambalo ilinibidi nilikiri kwanza, na nilikuwa naogopa.

Mwezi uliopita Bwana mwenye shamba aliona meno ya ng'ombe wake yanasagika hata wanashindwa kutafuna. Akaandika Nairobi, nao wakamtuma mtu wa maabara, Kipsang, kwao Kericho. Alijaza chupa sita kwa maji ya kisima changu akaenda nazo. Nasema kisima changu kwa sababu unajua nilivyokipenda. Miaka ishirini nimeiwasha mashine ile ya kuvuta maji kila asubuhi. Nilimwaga hata yale maji ya mvua mama yako aliyokuwa akikinga kwenye bati la zizi, nikisema yana kutu, na watu wa nyumba yangu watakunywa maji safi kutoka chini kabisa.

Kipsang alirudi na karatasi. Baada ya kutazama vinywa vya ndama aliomba kuona vya watoto wa shamba, akatazama mmoja mmoja. Kisha akaniambia, "Mzee, hawa watoto hawana makosa. Ni hii maji."

Nilimwomba aniandikie jina la hicho kilichomo, nalo ni florini. Ni kimoja cha vile vitu vya msingi ambavyo dunia yote imejengwa kwavyo, kama chuma na shaba. Ikiwa peke yake ni gesi ya manjano hafifu, kali hata inakula kioo. Anasema wataalamu wa Ulaya waliitafuta miaka mingi, wengine wakaumia na wengine wakafa, mpaka Mfaransa mmoja akafaulu kuitenga mwaka 1886. Lakini huwezi kuikuta peke yake njiani, maana hung'ang'ania kitu kingine daima. Huku kwetu imeng'ang'ania mawe ya milima iliyowaka moto zamani, na maji yakikaa chini humo huichukua. Ina faida zake pia. Bila chumvi yake moja hata hizi sufuria zetu nyeupe zisingetengenezwa kwa urahisi, na Amerika hutia kidogo sana katika maji ili kuimarisha meno. Ikizidi ndiyo hasara. Mtoto akinywa wakati meno ya ukubwani yanajengeka ndani ya ufizi, hutoka ya kahawia, na hakuna mswaki utakaoyasafisha.

Nilimuuliza kama kuchemsha kunasaidia. Akasema, "Ukichemsha unazidisha tu. Maji inaenda na moshi, hiyo kitu inabaki kwa sufuria."

Akeyo, nilikaa chini pale pale kwenye msingi wa pampu.

Unakumbuka bibi yako alipokuja kutoka kijijini kwetu, wewe una miaka kumi na miwili, akataka ung'olewe meno sita ya chini kama desturi yetu. Nilikataa. Nilisimama mbele ya wazee wote nikasema mtoto wa marehemu ndugu yangu Joash ni Mkristo, naye atabaki na meno yote. Bibi yako akakufungua mdomo, akaona ile kahawia, akacheka, akaniuliza kama hayo ndiyo niliyokuwa nikiyatunza. Aibu ile niliibeba mpaka nyumbani, kisha nikakutwika wewe.

Nilisema unavuta tumbaku kwa siri kwa mama Chepngeno, kwa sababu ulipenda kukaa kwake na yeye alikuwa mtu wa ugoro. Nilikukataza kwenda kwake. Nilikusimamia ukisugua meno kwa majivu na unga wa tofali mpaka ufizi ukatoa damu. Na Pasaka ile nikiwa mzee wa kanisa nilikutoa kwenye kwaya, watu wote wakiona. Uliniapia. Nikakuita mwongo, nikakupa kikombe cha maji ya kisima usukutue.

Nilikwenda kwa mama Chepngeno wiki iliyopita kumwomba radhi. Macho yake hayaoni tena. Alisikiliza yote akasema, "Huyo mtoto hakuwahi kugusa ugoro yangu. Alikuwa anakuja hapa kucheka." Kwangu ulikuwa umeacha kucheka siku nyingi, nami nilidhani ni adabu.

Sasa nirudi kwa ombi lako. Bwana ameleta tangi kubwa la kukinga mvua kwenye zizi, na ni la ng'ombe. Nimemwomba watoto wa kambi wachote humo, nimeambiwa ningoje. Nyumba zetu ni za nyasi kama ulivyoziacha, haziwezi kukinga mvua. Mimi bado naiwasha mashine kila asubuhi, na watoto wanakuja na madebe yao, kwa sababu hakuna mengine ya kunywa. Nimewaeleza wazazi wao. Wengine wamenicheka.

Kwa hiyo usimlete Nabalayo. Neno hili nimeliandika mara tatu na kulichana mara mbili. Mama yako amelikunja lile godoro. Mtafutie mahali pengine, na uuguzi wako usiuache.

Msalimie Micah, mwambie deni la kuku wangu halijasahaulika. Wasalimie Truphosa na watoto wake hapo jirani yenu. Mungu akulinde katika masomo yako, ampe mtoto afya, na kama anaweza, anipe mimi siku ya kukuomba msamaha tukiwa tumekaa pamoja.

Picha ya arusi yako ipo ukutani. Watu wote wanacheka isipokuwa wewe, umefunga mdomo. Miaka yote hii nilikuwa nikiwaambia wageni kwamba binti yangu ana maringo.

Ni mimi baba yako mdogo, nikupendaye na niliyekukosea,

Dalmas Ogola