Tochi ya Bunduki ya Baba

Al-Murabba, Riyadh
Ijumaa, 2 Mei 2025

Shangazi Winfrida, shikamoo.

Naanza na jambo ambalo sijawahi kumwambia mtu yeyote, kabla hata ya kukuuliza hali, maana najijua: nikianza na salamu nitaishia kwenye salamu. Usiku sioni. Sisemi sioni vizuri; sioni kabisa. Jua likishazama, pasipo na taa, mimi ni kama mtu aliyefunikwa gunia kichwani.

Haya. Sasa salamu. Hujambo? Mjomba Hezekiah na mgongo wake wanaendeleaje? Sisi wazima. Mama yuko zamu za asubuhi hospitalini, baba bado anagombana na mabomba ya maji ya watu. Mimi nina mitihani, ya Kiingereza na ya Kiarabu. Ninaandika kwenye karatasi kwa sababu simu yangu baba huichukua akitaka kuangalia mpira, na kuongea kwa sauti siwezi, unanijua. Barua atakuletea Japheth, yule dereva Mkenya wa kampuni ya kina baba anayekuja huko Jeddah. Nilipomwambia alisema, "Barua? Na hii ni 2025? Kijana, huyo dem wako wa Jeddah ana miaka mingapi?" Akikutania, msamehe.

Jambo lenyewe ni hili. Mwishoni mwa mwezi wa sita tunakwenda Namtumbo likizo. Baba mdogo Protas alipiga simu kusema nguruwe pori wanamaliza mihogo, wanakuja kila usiku, mbwa wawili wameshararuliwa. Basi juzi tukiwa mezani baba akatangaza: "Mwaka huu nitasimama pembeni tu. Bunduki atashika Lawrence. Ana miaka kumi na minane, amekuwa mwanamume."

Mama akasema, "Gilbert, mtoto huyu hata mende anamtoa nje na ufagio, tena kwa adabu."

Baba alicheka, akaniagiza nitafute tochi ya kufunga kwenye mtutu, isiyo ya bei ya kutisha. "Wewe unasoma lugha zote mbili, hawatakudanganya."

Nimesoma mpaka kichwa kinaniuma. Lumeni, mita, betri za kuchaji, taa nyekundu, taa ya kijani. Nikamkumbuka shangazi yangu aliyekuwa afisa wanyamapori. Niambie ninunue ipi. Mimi nataka yenye mwanga mkali kuliko zote, ili pale shambani usiku uwe mchana na mtu yeyote asijue.

Tafadhali usimwambie baba.

Mwanao,
Lawrence


Jeddah
Jumamosi, 10 Mei 2025

Mwanangu Lawrence,

Marahaba, baba. Sisi tupo, tunachemka kwa joto na unyevu huu wa Jeddah kama mihogo kwenye sufuria. Mjomba wako mgongo umepona, sasa analalamika goti. Japheth nimempa chai na maandazi, akasema dem wa Jeddah anajua kupika.

Nimeisoma barua yako nikiwa nimesimama, halafu nikakaa nikaisoma tena. Nitajibu la tochi kwanza, maana ndilo rahisi.

Maandishi ya kwenye boksi yasahau. Tochi za bei nafuu zote zinajisifu kuliko bwana harusi. Mwanga mkali unaokwenda mbali kama fimbo ni wa uwanda mpana. Kwenye mihogo nguruwe anatokea hatua chache mbele yako, kwa hiyo unataka mwanga uliotawanyika, ukuonyeshe na pembeni. Pili, fungua mfuniko wa betri. Kama springi iko upande mmoja tu, mrudishie. Bunduki ikipiga bega lako inapiga na tochi, na ya springi moja itazimika kwa risasi ya kwanza, nguruwe akiwa amejeruhiwa na amekukasirikia. Tatu, swichi iwe ya kuwaka na kuzima basi. Ile inayopepesa kama disko waachie wenye disko. Kibanio kiwe cha chuma.

Na hili lishike kuliko yote: tochi ya bunduki si ya kutafutia. Mwanga unapokwenda ndipo mtutu unapokwenda. Unatafuta kwa tochi ya mkononi, bunduki ikiwa imeelekea chini. Ukishajua kwa uhakika ni nguruwe, hapo ndipo unawasha ile ya kwenye bunduki. Nimewahi kukagua shamba ambalo mtu aliona macho mawili yanang'aa akafyatua. Yalikuwa macho ya ng'ombe wa jirani, na tulimshukuru Mungu kwamba ni ng'ombe.

Sasa wewe. Ni tangu lini? Umeonwa na daktari wa macho? Tochi si dawa, mwanangu.

Na nijibu jambo moja lililonikosesha raha. Aliyesema ushike bunduki ni baba yako mwenyewe, kwa kinywa chake? Yule ninayemjua mimi hakuwa akimwachia mtu bunduki, hata kwenda msalani.

Shangazi yako,
Winfrida


Riyadh
Jumapili, 25 Mei 2025

Shangazi, shikamoo.

Natumaini goti la mjomba limepoa. Sisi tuko salama, mitihani imeanza, ya Kiarabu nimeiandika vizuri.

Ni tangu nikiwa darasa la pili. Nilidhani watu wote wako hivyo, na kwamba wao ni majasiri tu. Daktari sijaona. Na ndiyo, ni baba mwenyewe aliyesema, hakusukumwa na mtu.

Utanigombeza. Nilikwenda sokoni Batha, nikaiona ile ya mwanga uliotawanyika, springi mbili, kibanio cha chuma, kila kitu kama ulivyosema. Halafu muuzaji, mzee wa Kiyemeni, akawasha nyingine akaielekeza darini, akasema, "Wallahi, hii inafika mwezini." Nikanunua ya mwezini. Mkono wenyewe ulikwenda, shangazi.

Alhamisi baba akataka tuijaribu. Tukaenda jangwani na wenzake wa kazini, wale wanaopenda kuchoma nyama nje ya mji. Bunduki hatuna huku, basi baba akaifunga tochi kwenye nguzo ya hema isiyotumika, akanipa niishike kama bunduki, akapanga madumu ya maji mbali kidogo. "Hao ndio nguruwe. Tafuta."

Niliwasha. Ulitokea mduara mmoja mweupe wa kuumiza macho, na nje ya mduara hakuna dunia. Nikasahau maneno yako yote. Nikaanza kuizungusha ile nguzo huku na huku nikitafuta madumu, na kila nilichokitazama nilikuwa nimekielekezea. Ghafla mtu akapiga kelele, "We! Ishushe hiyo!" Alikuwa Morgan, rafiki wa baba, anarudi kutoka kwenye gari na mfuko wa mkaa. Nguzo ilikuwa imemlenga kifuani. Sikumwona akija. Sikusikia hata viatu vyake kwenye mchanga.

Wengine walicheka. "Morgan ameshakufa huyo, mzikeni tule nyama yake!" Morgan mwenyewe alicheka, akajiangusha chini na mkaa wake.

Baba hakucheka. Aliuliza mara mbili, "Nani huyo? Ni nani?" wakati Morgan alikuwa pale pale karibu na moto. Kisha akaja, akaniwekea mkono begani, akakosa bega kidogo, akaniambia taratibu, "Utazoea. Shambani wewe ndiye utakuwa macho yangu."

Kurudi alimwomba Morgan aendeshe, eti amechoka. Nilikaa nyuma na tochi mapajani. Maneno nilikuwa nayo mdomoni tangu jangwani mpaka kwenye ngazi za nyumbani, na tulipofika nikayameza na maji.

Nifanye nini? Nijibu upesi.

Mwanao,
Lawrence


Jeddah
Jumamosi, 14 Juni 2025

Mwanangu Lawrence,

Marahaba. Nisamehe kwa kukuchelewesha. Sikukuu imepita, wageni wamekuja na kuondoka, na sababu si sikukuu wala si wageni. Nimeandika barua hii mara tatu nikaichana. Japheth alikuja wiki iliyopita akaondoka mikono mitupu, akasema, "Mama, umemwacha kijana kwa mataa."

Nakueleza sasa, na ukimaliza kusoma kaa chini kwanza.

Baba yako naye haoni usiku.

Kwa babu yako ilianza hivyo hivyo, ikaja mpaka mchana. Unamkumbuka akishikwa mkono kwenda kanisani, wewe ulidhani ni uzee. Gilbert alianza kujikwaa akiwa na miaka thelathini na kitu. Mimi ndiye niliyemgundua, akaniapisha nisimwambie mtu, hata mama yako. Anaogopa kazini wakijua watamwambia halas, arudi kwao. Ndiyo maana akishafika nyumbani magharibi hatoki tena na gari. Anasema ni foleni. Foleni gani ya saa tano usiku?

Sasa umeelewa kwa nini anakupa bunduki. Hawezi tena, na hawezi kumwambia Protas kwamba hawezi. Anadhani kwako amepata macho. Na wewe unaipokea kwa sababu huwezi kumwambia kwamba huna. Mtakuwa wawili gizani na bunduki moja, na Protas anatokea upande wa pili wa mihogo akipiga debe kuwafukuza nguruwe waje kwenu. Nimekaa na picha hiyo usiku na mchana. Hakuna tochi ya bei yoyote itakayomwokoa Protas pale.

Juzi nilimpigia. Nikamwambia, "Gilbert, mwambie mtoto." Akasema, "Nimwambie ili iweje? Yeye anaona. Nikimwambia ataanza kujichunguza bure." Kinywani nina siri yake na siri yako, na nikifungua mdomo zote mbili zinatoka.

Ya kwake nimeshaitoa, Mungu anisamehe, nimevunja kiapo cha kaka yangu. Ya kwako nakuachia uitoe mwenyewe. Lakini sitakuachia milele. Ndege yenu ni Ijumaa ya tarehe 27. Ikifika siku hiyo hujasema, nitampigia Protas kabla hamjatua, nimwambie aifungie bunduki na mtu asitoke nje. Baba yako atanichukia. Afadhali anichukie kaka yangu mmoja kuliko kumzika mwingine.

Na mkirudi mwende kwa daktari, nyote wawili. Mimi nitalia baadaye, sasa hivi sina nafasi.

Shangazi yako anayekupenda,
Winfrida


Riyadh
Jumanne, 24 Juni 2025

Shangazi, shikamoo.

Sikuulizi hali leo, samahani. Hata ya kwangu siijui.

Tangu barua yako namwangalia baba kama mgeni. Juzi alimwaga chai pembeni ya kikombe, akasema kikombe kimekaa vibaya. Mama akafuta, akamwambia, "Kikombe kimekuonea." Nilitaka kucheka nikashindwa. Nimemkasirikia, shangazi. Miaka yote hii nimejiona kiumbe kibovu peke yangu, kumbe tuko wawili nyumba moja. Halafu hasira inapoa namkumbuka babu kwenye benchi la kanisa, anapapasa kitabu cha nyimbo ambacho hakioni, naanza kujiuliza nitakuwa na umri gani. Hapo siwezi kukaa. Nazunguka chumba. Nimefungua sanduku na kulifunga sijui mara ngapi, tochi ya mwezini iko humo ndani ya soksi.

Nimejaribu. Ijumaa tukitoka ibadani nilisema, "Baba." Akasema, "Naam." Nikasema, "Hakuna." Jana nilimfuata mpaka jikoni, mama akaingia. Leo chakulani aliniuliza, "Betri umechaji?" Nikasema ndiyo. "Umefanya mazoezi?" Ndiyo. "Uko tayari?" Ndiyo, baba. Mama akaniuliza mbona sili, nikasema ndiyo. Wote wakacheka.

Nilikuwa nimeamua nikuandikie kwamba nimeshindwa, umpigie baba mdogo Protas, umalize wewe. Ndiyo barua niliyoianza. Ingekuwa rahisi. Ningepanda ndege nikiwa kimya, nikashuka nikiwa kimya, na lawama zote zikawa zako.

Subiri. Baba ameamka, nasikia nyayo zake.

Anakuja ukumbini. Hajawasha taa, hataki kumwamsha mama. Masanduku yote tumeyapanga pale mlangoni. Amegonga moja. Limeanguka. Amesema "aa" kidogo, kama mtu anayeona aibu mbele ya sanduku. Sasa amesimama. Ninajua anachofanya pale. Anasubiri macho yazoee, na hayatazoea.

Ameuona mwanga chini ya mlango wangu, maana anaufuata. Mkono unapapasa ukuta. Karatasi zako ziko wazi mezani, hii iko chini ya kalamu, daftari la Kiarabu liko hapa karibu, lingetosha kufunika zote. Nimeshalivuta. Nimelirudisha.

"Lawrence? Hujalala? Unaandika nini saa hizi?"

Nimemjibu, "Ingia usome, baba. Huku kuna taa."

Kitasa kinazunguka. Siifichi.