Sikio la Dada Yangu Kanana

Mjukuu wangu Mwenda,

Huku Kibirichia tunaendelea, ila babu yako bado anakohoa na baridi imeunguza viazi. Umeniuliza dada yangu Kanana alikufa kwa ugonjwa gani, kwa kuwa sasa unasomea udaktari.

Sikio lake lilitoa usaha tangu utotoni, tukazoea. Mwaka mmoja, tukiwa tunavuna, likakauka. Tukafurahi. Kisha akashikwa na homa ya kutetemeka na shingo ikamuuma upande huo. Akaniomba nimpeleke hospitali. Nikamwambia, "Tumalize shamba hili kwanza." Tulimaliza siku ya tatu.

Hospitalini, daktari alinigusa nyuma ya sikio kunionyesha. "Hapa, ndani ya fuvu, kuna mshipa unaoteremsha damu ya ubongo hadi shingoni. Usaha wa sikio umeingia humo na damu imeganda." Hakuuliza kwa nini tulichelewa. Kanana alifariki kesho yake, mkono wake ukiwa mkononi mwangu.

Mgonjwa akikuambia amezoea ugonjwa wake, mwulize tena polepole.

Mama yetu alizikwa bila kujua kwamba Kanana aliniomba. Wewe ndiye wa kwanza kuambiwa.

Nyanya yako,
Karimi