Kikwembe Juu ya Kikwembe

Mama,

Wanasema marehemu hasemwi vibaya. Leo nitakusema, maana maonyesho ya kazi yangu yamefunguliwa na kila anayetoka humo ananishika mkono na kuniambia ulikuwa mama wa mfano.

Nimeshona pamoja vikwembe vyote ulivyoacha, vitenge vya kuuza na vile vya sanduku ulivyomnyima kila mtu, nikavitundika katika ghala la zamani kando ya reli. Vinashuka kutoka darini hadi sakafuni. Mtu anaingia akisukuma nguo kwa mikono, anazidi kuingia, mpaka haoni mlango. Wengine hulia. Mama mdogo alisema, "Humu iko sawa mu tumbo ya mama." Nikacheka vibaya, akanitazama.

Unakumbuka asubuhi ile ya vita? Risasi zililia upande wa bandari, nawe ulikuwa ukijifunga kikwembe juu ya kikwembe, ukanenepa hata mlango ukakubana. Mdogo wangu Sifa alikuwa na homa. Akainua mikono umbebe. Ukamwambia, "Mutoto iko na miguu. Bikwembe habina miguu."

Tukashika njia ya Kailo. Nilimvuta kwa mkono, maana nami nilikuwa mtoto, kumbeba sikuweza. Jioni akakaa chini njiani, hakuinuka tena. Tulimzika na kigauni chake. Hukufungua hata kikwembe kimoja cha kumfunika.

Ndivyo vilivyotulisha baadaye, na shule yangu ukailipa kwa kuviuza. Najua. Nilikula, nikasoma, nikakuchukia nikiwa nimeshiba.

Uzeeni ulisema ulishindwa kumbeba: nguo zilikuwa nzito, mgongoni hapakuwa na nafasi. Mama mdogo naye huapa, "Alishindwa, hakukatala." Wanasema uchungu wa mwana aujuaye mzazi. Nilitaka kuamini, Mama. Kukuamini kungenipumzisha.

Basi matanga yako yalipokwisha, mama zangu wadogo wakaja kugawana nguo zako kama desturi ilivyo. Niliwakatalia, wakanitukana, wakaenda zao. Kabla ya kutia mkasi nilivivaa vikwembe vyote, kama wewe, na vilikuwa vingi kuliko vya siku ile. Jasho likanitoka, kiuno kikauma. Kisha nikamwomba jirani mtoto wake, wa umri wa Sifa, nikamfunga mgongoni kwa kikwembe cha juu.

Niliomba Mungu mzigo unishinde. Nilitamani nianguke palepale uani, niinuke nikiwa nimekusamehe.

Nilitembea naye mpaka mtoni na kurudi. Alikuwa amelala.

Pumzika, ukiweza.

Dada yake Sifa