Gunia Lililokutwa Chumbani kwa Ramadhani

Shikamoo Mama,

Nimeandika salamu hiyo, kalamu ikasimama. Nilikuwa nasubiri marahaba yako.

Leo nimetoka gerezani kumwona Ramadhani. Mwanao amekonda, Mama. Shati linamning'inia kama la kuazima. Cha kwanza aliuliza kama kaburi lako tumeshalijengea. Nikamwambia bado, tumezungushia miiba ng'ombe wasikanyage.

Sikumwambia mara moja kwamba najua. Siku tatu kabla hujakata roho ulinishika mkono, ukasema kwa Kinyaturu, polepole, kwamba lile gunia la bangi aliliacha mjomba Saidi, na wewe ndiye uliyelisukuma chini ya kitanda cha Rama. "Ni mdogo wangu, ningemfukuza vipi?" Halafu ukageukia ukutani. Mama, kwa nini hukuniambia kabla sijatoa ushahidi?

Polisi walikuja asubuhi, wameongozana na mwenyekiti wa kitongoji. Walilivuta gunia, juu alizeti, chini bangi. Mkuu wao akauliza, "La nani hili?" Wewe ulikuwa mlangoni na jembe, ndiyo kwanza umetoka shamba. Rama akakutazama. Akasema, "Langu." Niliona anavyokutazama, nikadhani ni aibu. Nikatia sahihi ya shahidi kwenye hati ya ukamataji, chini ya jina la mwenyekiti.

Kesi ilipofika zamu yangu, ulinisihi niseme sikuona kitu. Nikakujibu kwa kiburi kwamba nitashika Kurani, siwezi kudanganya. Nilijiona mwema kuliko wewe.

Mwendesha mashtaka akaniuliza, "Gunia lilikutwa wapi?" Chumbani kwa kaka yangu. "Yeye alisema nini?" Alisema ni lake. Basi, nikashuka. Walileta gunia lenyewe na lakiri yake, ripoti ya Mkemia wa Serikali kwamba ni bangi kweli, na karatasi za kuonyesha lilipita mikononi mwa nani mpaka kufika pale. Hakimu akasema vyote vimeungana, na kwamba dada hana sababu ya kumsingizia kaka yake, hivyo maneno yangu yamemaliza shaka. Yangu, Mama.

Kabla ya adhabu alimuuliza Rama kama ana la kuomba. Rama akasema, "Mama yangu mgonjwa." Hakimu akavua miwani, akasema sheria haimwachii nafasi ya kupunguza. Miaka thelathini.

Baada ya kukuzika nilikwenda kwa wakili wa rufaa, nikamweleza ulichoniambia. Alikuwa anaandika, akaacha. Akasema rufaa huangalia yale yaliyokwisha kusemwa. Ushahidi mpya unaombewa ruhusa, na wataniuliza kwa nini habari hii imetokea baada ya mwenyewe kuzikwa. Mjomba hajaonekana tangu siku ile ya upekuzi. "Labda kaka yako mwenyewe akubali kusema," akaniambia.

Ndiyo maana leo nikaenda. Nilipomweleza uliyoniambia, Rama hakushtuka. Kumbe alimwona mjomba akilishusha lile gunia. Akasema, "Dada, mama amepumzika. Mwache." Nikalia mbele ya askari. Nikamwambia binti yake Asha ananiuliza kila siku baba anarudi lini, mimi nimjibu nini? Akasema, "Ukilitaja jina la mama mahakamani, nitakana." Askari akasema muda umekwisha.

Nakukasirikia, Mama. Kisha natia mkono kwenye mfuko wa gauni lako, nakuta kikopo cha ugoro, nakaa chini sakafuni, nashindwa hata kuinuka kuteka maji. Wewe ulimficha mdogo wako. Rama akakuficha wewe. Mimi peke yangu nilisema kweli, na kweli yangu ikamfunga asiye na kosa. Nifanye nini? Ungekuwapo ningekupigia magoti uniambie.

Lala, Mama. Dua nakuombea kila swala, hata siku ambazo moyo hautaki. Ila nakuahidi hili, na usinisihi tena: Jumatatu narudi kwa wakili. Nitaapa upya, nitalitaja jina lako mbele ya watu, Rama akane, kijiji kikuseme, nami wanizomee. Wakinikatalia nitaomba tena. Wewe huwezi tena kufungwa. Yeye bado yumo ndani.

Kwaheri, Mama yangu.

Mwanao,
Mwanaidi