Zima, Usikie Nani Atalia

Jumatatu, 10 Aprili 1995

Mwenye akili zake hazimi taa ya jirani ili asikie nani atalia! Nimemwambia Lindqvist, fundi wa kompyuta, hivyo hivyo, usoni, mbele ya wenzake. Shahada mbili, na mezani vikombe sita vya kahawa vimeota ukungu. Anacheka! "Bi Opal, ndiyo kawaida yetu. Ukitaka kujua kama mtu bado anatumia njia, unaifunga. Akipiga kelele, unaifungua." Ati hiyo ni kazi. Mwaka wa tisa huu nafagia chumba chao, na leo ndiyo naisikia.

Ngoja niandike vizuri, kichwa changu si cha jana. Kuna njia kuu ya kompyuta, wenyewe wanaiita uti wa mgongo. Serikali ndiyo iliyoigharimia, vyuo vya nchi nzima vikaunganishwa, na inaangaliwa hapa hapa Ann Arbor, kwenye chumba hiki chenye baridi ya friji. Biashara ilikatazwa humo. Sasa serikali inasema imetosha. Tarehe 30 mwezi huu njia inazimwa, na kila chuo kitafute kampuni ya kukipitisha. Orodha wameibandika ukutani. Chuo kikishahama kinapigwa mstari mwekundu.

Cha mwanangu Lowell hakina mstari.

Jumatano, 12 Aprili 1995

Rhonda anasema nisihangaike. Huyu ni mjukuu wangu, binti wa mwanangu wa kwanza, nimemlea tangu ana miaka minne, na sasa ndiye anayepokea simu za wanaolalamika mle ndani. Kapewa kiti cha ofisini chenye magurudumu! Mimi ufagio, yeye kiti.

Lowell ni mwanangu wa pili. Februari 1984 tulimzika baba yake, Estil. Lowell alitoka Montana kwa basi, theluji ikamchelewesha, akafika kaburi limeshafukiwa. Nikamwambia mbele ya kanisa zima: "Usikanyage tena kwangu." Akavaa kofia yake, akaondoka. Hakubisha. Ndivyo alivyo. Miaka kumi na moja!

Oktoba iliyopita Rhonda akaliona jina lake. Kila chuo kinachopita kwenye njia ile hujaza fomu, na kwenye fomu lazima pawe na jina la mhusika. Lowell Ratliff, chuo kidogo cha Montana. Rhonda akamwandikia bila kuniuliza. Nilimgombeza siku mbili. Siku ya tatu nikaleta penseli.

Tangu hapo kila Ijumaa barua yake inapita kwenye ile njia. Rhonda ananichapia, mimi naandika jibu, yeye analipiga kwenye kompyuta. Nimemkataza kurekebisha makosa yangu. Lowell anayajua.

Simu sipigi. Aliyeondoka ndiye apige. Nilisema hivyo 1984, na neno langu si maji ya kunawa.

Ijumaa, 14 Aprili 1995

Ijumaa Kuu. Barua imefika. Naibandika hapa, maana ni fupi: "Mama. Theluji bado ipo. Farasi wa mlinzi amezaa dume. Unakula? Lowell."

Hakuna aliyeniuliza kama nakula tangu Estil afe. Nimejibu: nakula, na wewe nenda kanyoe nywele. Sijui kama zimekuwa ndefu. Najua tu.

Rhonda kamuuliza kuhusu kuhama. Jibu lake maneno mawili: "Inashughulikiwa, asante."

Jumapili, 16 Aprili 1995

Pasaka. Paja la nguruwe, maharage, mkate wa mahindi. Rhonda ananieleza kwamba kampuni zitaifanya njia iwe pana, kila mtu ataingia, hata mimi nikitaka kuuza matandiko yangu. Nikamwambia nisikilize, mtoto. Baba yangu alitoka Kentucky kuja hapa Ypsilanti kutengeneza ndege za mabomu. Kiwanda kilijengwa kwa fedha ya serikali. Vita vikaisha, watengenezaji wa magari wakakichukua. Juzijuzi wamekifunga, nusu ya kanisa letu haina kazi. Serikali ikikuachia kitu, tazama nani amesimama mlangoni.

"Bibi, hii ni tofauti."

Kila kitu ni tofauti mpaka kitakapofanana!

Jumatano, 19 Aprili 1995

Habari za bomu la Oklahoma kwenye televisheni mchana kutwa. Watoto wale. Nimezima. Nataka Ijumaa ifike.

Ijumaa, 21 Aprili 1995

Hakuna barua. Nimefagia mara mbili mbele ya kiti cha Rhonda. Hakuna.

Jumamosi, 22 Aprili 1995

Hakuna. Rhonda yuko mapumzikoni, kaenda kwa rafiki zake Toledo. Nimekosa wa kumgombeza. Kimya kingi kina mshindo, alisema hivyo aliyesema.

Jumatatu, 24 Aprili 1995

Naandika polepole.

Asubuhi nimeingia na ndoo yangu, natazama orodha ukutani. Mistari myeusi! Tisa. Chuo cha Lowell kimo. Lindqvist alikuwa anakula andazi.

"Hii nyeusi ni nini?"

"Ah, hao hawakujibu fomu ya kuhama, Bi Opal. Ijumaa tumewatoa kwenye orodha ya njia. Saba wamepiga kelele. Wawili kimya."

"Na hao wawili?"

"Wameshahama. Wangekuwapo wangelia."

Nimeiweka ndoo chini. "Lindqvist. Yule wa Montana ni mwanangu. Hakulia hata alipozaliwa! Mkunga alimpiga kofi mara mbili, akakohoa tu, akamtazama kama anamwonea huruma. Wewe unamngoja huyo apige kelele?"

Andazi likabaki hewani. Wenzake wakajifanya wanatazama skrini. Rhonda kageuka na kiti chake, rangi imemtoka. "Bibi, sikujua yumo. Waliwatoa jioni, nilikuwa nimeshaondoka." Akavuta fomu, namba ya simu ipo chini ya jina. Akanisogezea simu.

"Piga wewe," nikamwambia.

"Sipigi."

"Rhonda!"

"Nikipiga mimi atasema asante Rhonda, atakata. Unamjua. Piga mwenyewe."

Mkaidi! Sijui ukaidi huo kautoa wapi.

Nimepiga. Namba mbili nilikosea, nikaanza upya. Ikaita mara nne.

"Ofisi ya kompyuta." Sauti ya Estil kabisa.

"Lowell. Ni mimi."

"Mama? Nani kafa?"

"Hakuna aliyekufa! Barua yangu iko wapi?"

"Nimetuma Ijumaa. Nikatuma tena Jumamosi na jana. Haziendi. Nikadhani..."

"Ukadhani nini?"

"Nikadhani umechoka. Umemwambia Rhonda anitoe."

Hapo nimeketi. Kwenye kiti cha Lindqvist, bila ruhusa.

"Na hukupiga simu kuuliza? Una ulimi au huna?"

"Uliniambia nisikanyage kwako, Mama. Sikujua kama simu ni kukanyaga."

Nimegeukia ukutani. Chumba kile chote kimejaa wanaume wenye masikio.

Nikamuuliza, kwa ukali, mbona fomu hakujaza. Anasema alijaza. Ilitaka saini ya mkuu wa chuo, mkuu akasaini kwa kalamu, basi Lowell akaituma kwa posta. Wiki tatu zilizopita. Fomu inaomba njia yao iachwe wazi hadi mwisho wa mwezi, kampuni yao mpya itakuja kuwaunganisha tarehe 28.

Kwa posta! Nikaitazama meza ya Lindqvist. Miaka yote ananiambia: Bi Opal, fagia chini, karatasi zangu usiguse. Leo nimegusa. Nimeinua kikombe kimoja, nikainua cha pili. Chini ya cha tatu, bahasha ya kaki imegandana na meza, ina duara la kahawa, haijafunguliwa. Mwandiko naujua. Herufi R yenye mguu mrefu nilimfundisha mimi, kwenye meza ya jikoni.

Lindqvist kawa mwekundu kuliko paja la Pasaka. "Bi Opal, samahani sana."

"Samahani iweke kwenye orodha yako! Na jina la mwanangu juu yake."

Anasema orodha mpya hupakiwa Jumanne na Ijumaa tu. Kesho basi. Nikamwambia Lowell, kesho. Akasema sawa. Hakukata simu. Mimi pia sikukata. Rhonda ndiye aliyechukua simu mkononi mwangu.

Nimepiga mimi kwanza. Basi. Nimepiga.

Jumanne, 25 Aprili 1995

Zimefika! Zote tatu kwa mpigo, ya Ijumaa, ya Jumamosi, ya Jumapili. Ya Jumapili ina maneno haya tu: "Mama. Kama nimekosea kitu sema." Nimeikunja, iko kwenye Biblia.

Nimelala kidogo mchana. Sijalala mchana tangu nipasuliwe nyonga.

Na nimemkalisha Lindqvist ampigie yule wa pili aliyenyamaza. Kapiga mbele yangu. Ni mama mmoja wa maktaba ya chuo huko Idaho. Alidhani mashine imeharibika kwa kosa lake, akaifunika kitambaa, akaona aibu kumwambia mtu! Lindqvist kaniangalia. Nilipanguza meza yake tu, polepole, kila pembe.

Ijumaa, 28 Aprili 1995

Mafundi wa kampuni hawajafika Montana. Lowell anaandika: "Wanasema labda kesho, labda Jumatatu." Labda! Serikali haikuwa na labda, ilikuwa na fomu. Na keshokutwa njia ya zamani inazimwa, hairudi tena.

Nimemwandikia namba ya nyumbani. Nimeongeza: simu si kukanyaga.

Jumapili, 30 Aprili 1995

Baada ya kanisa nimekwenda, ingawa si zamu yangu. Rhonda alikuwa kazini. Kuna keki, imeandikwa kwaheri. Lindqvist amekaa, kavaa tai! Akaandika maneno kwenye kibodi, akasita, akabonyeza. Nilidhani patakuwa na mlio. Hakuna. Skrini ikasema kituo kimoja hakipo, halafu kingine, halafu kingine, mpaka vyote.

Tukangoja simu iite. Watu kumi na tatu tunaitazama simu. Haikuita. Vyuo vyote vilikuwa vimeshapata njia nyingine, nchi nzima inaongea kama kawaida, na kilichozimwa hapa ni ganda. Isipokuwa chuo kimoja cha Montana, na mtu wake halii.

Lindqvist kafuta macho kwa tai. Wiki ijayo anahamia Virginia, kampuni imemchukua. Rhonda anabaki, kuna kazi ya vyuo vya hapa Michigan. Nimeyashukuru hayo kimoyomoyo, sikumwonyesha. Lindqvist nimemwoshea vikombe vyote sita, nikamfungia kwenye gazeti. "Huko uendako," nikamwambia, "mtu akinyamaza, mpigie."

"Ndiyo, Bi Opal."

Jioni simu ya nyumbani imeita. Nilikimbia, na nyonga hii! Lowell. "Mama, mafundi wamefika, wanachimba." Basi. "Unakula?" nikamuuliza mimi, kwanza. Akacheka. Nilikuwa nimesahau kwamba anacheka kwa pua.

Jumatatu, 1 Mei 1995

Barua! Rhonda kaja nayo nyumbani, anaipunga tangu barabarani. Kanionyesha mistari ya juu, imeandika kila ilikopita kama mihuri ya posta. Kampuni tatu zimepokezana karatasi ya mwanangu! Hakuna hata moja iliyoiwekea kikombe juu. Haya. Nimekubali. Kwa leo.

Inasema: "Mama. Tumeunganishwa saa nne. Yule mtoto wa farasi anasimama vizuri. Chuo kinafunga tarehe 12, nina likizo ya siku kumi. Unakula?"

Nimeisoma mara nne. Haombi kitu. Siku kumi! Anamwambia nani, farasi?

Rhonda anaingia anatoka, anajifanya anatafuta miwani. Anasubiri jibu alipige kesho asubuhi. Karatasi bado nyeupe mbele yangu. Neno la 1984 nililisema mbele ya kanisa zima, kulirudisha si kazi ya penseli moja. Sijui nianzie wapi. Nimeandika "Lowell," nikaweka koma, nimekaa.

Chumba cha nyuma kimejaa: cherehani yangu, mifuko ya vitambaa, na kitanda cha Estil kimesimamishwa ukutani tangu nimzike. Kitanda kirefu kile. Futi sita na zaidi.

Rhonda! Acha hiyo miwani, iko kichwani mwako. Cherehani itoke chumba cha nyuma sasa hivi, kabla ya chakula. Vitambaa vipelekwe juu. Kitanda kilazwe, godoro lianikwe kesho jua likitoka. Na usiniulize cha nani.