Salamu za Mama Mkwe

Geok Eng, uko wapi, shika simu!! Nimetoka mahakamani sasa hivi.

Mama mkwe alikuwa ananirekodi. MAMA MKWE!

Tangu Boon Keat anifukuze, si mama yake anapiga simu kila asubuhi: "Mwanangu, umekula?" Na mimi: "Nimekula, Ma." Eng, hapa Ipoh nani hujibu "sijala"? Hata ukishindia maji unasema umekula. Ni salamu tu!

Leo nikaomba Boon Keat anitunze mpaka kesi ya talaka iishe. Wakili wake kasimama, kabonyeza simu. "Nimekula, Ma. Nimekula, Ma." Sauti yangu! Eti nashiba vizuri, matunzo ya nini?

Nikamtazama Ma. Yeye anatazama viatu vyake.

Jaji kacheka: "Hata mimi hujibu hivyo hivyo." Akaamuru nitunzwe. Nimeshinda Eng, lakini nalia kama mtoto. Boon Keat namjua. Lakini Ma??

Halafu tumefika nje, akanishika bega, hana hata haya: "Mwanangu, umekula?"

Nikamwambia, "Sijala, Ma. Haya, rekodi na hiyo."