Haidro, Neno Alilonifundisha Laban

Nyumba Na. 47,
Kaloleni,
S.L.P. 1163,
Kisumu.
8 Novemba 1992

Mpendwa ndugu yangu Wanyonyi,

Nakusalimu sana katika jina la Bwana, wewe na wifi yangu Mariamu na watoto wote. Habari za Mombasa na lile joto lenu? Mguu wako ulioangukiwa na gunia pale bandarini umepona, au bado unaukanda kwa maji ya chumvi? Nijibu hayo kwanza ukiandika, usifanye kama barua iliyopita ambapo uliuliza habari zetu tu na zako ukazificha.

Sisi huku tunapumua. Magoti yangu yananisumbua kidogo, lakini bado nakwenda soko la Kibuye kwa miguu na wanawake wa umri wa binti zangu nawaacha nyuma wakihema. Mvua inanyesha kila jioni na mchicha umeota mpaka mlangoni.

Barua yako nimeisoma mara tatu. Uliniuliza jambo moja, kwamba ile telegramu ya Septemba ilisema tu mtoto wa Laban amefariki, haikusema kwa nini, na wewe hukupata ruhusa ya kuja kuzika. Unataka kujua yule mtoto tuliyempa jina la mama yetu, Nakhungu, alikufaje. Nimekaa na swali lako wiki nzima. Leo nimetoka kanisani, nimefunga mlango, naandika.

Niache nianze na Laban, maana bila yeye hutaelewa. Wewe mjomba wake unamjua tangu alipofungua redio ya marehemu baba yake na kuirudisha ikiimba vizuri kuliko kwanza. Sasa ndiye fundi wa haidroliki, ile mitambo ya kuinua mizigo mizito, katika gereji ya matrekta ya miwa kule Muhoroni. Mkono wa mashine ya kupakia miwa ukigoma hewani, hata injinia mwenye digrii husema, muiteni Laban. Anakuja, anaweka kiganja juu ya paipu, anasema, "Imeziba hapa." Wanafungua, wanakuta imeziba hapo. Mwanangu huyo! Na mimi niliishia darasa la nne.

Habari hizo nimezieneza Kaloleni nzima, sikatai. Jirani yangu Zeituni alikuwa akinikuta bombani anaanza, "Mama Laban, leo ameinua nini? Juzi aliinua trela, jana ameinua mashine. Mwambie ainue Kaloleni yote atupeleke Milimani tukakae na matajiri." Nami namjibu, "Ngoja zamu yako, Bi Zeituni, kuna foleni." Tunacheka mpaka ndoo zinafurika.

Mtoto alizaliwa Januari. Nekoye mke wa Laban alikuwa akikaa nami hapa ili awe karibu na kliniki, na Laban anakuja mwisho wa juma. Kichwa cha mtoto kilikuwa kikubwa tangu mwanzo. Mimi nikajivuna, nikasema hiki ni kichwa cha akili, ni cha baba yake. Mwezi wa nne sista wa kliniki akakizungushia utepe wa kupimia, akamwita mwenzake, akamwambia kwa sauti ya chini, "Hii ni haidro." Ndugu yangu, mimi nilifurahi. Haidro nililijua kama neno la kazi ya mwanangu. Nikamwambia yule sista, "Kumbe Laban mnamjua hata hapa?" Alinitazama kwa huruma ambayo sijaisahau.

Jumamosi Laban alipokuja nikamuuliza. Aliketi kwenye kile kiti chenye mguu mmoja mfupi, mtoto kifuani, akanieleza kama mwalimu. Alisema haidro ni neno la Wagiriki, maana yake ni maji. Nikamuuliza, Wagiriki wale wale wa Mtume Paulo? Akasema hao hao. Watu wa elimu hulichukua wakaliweka mbele ya maneno mengine, kama sisi tunavyoweka mwana tukapata mwanajeshi na mwanasiasa. Kisha maneno yanakuwa marefu, watu wanachoka, kila mmoja anakata mkia anabaki na kichwa, na kila mmoja anadhani haidro ni yake.

Pale gereji wakisema haidro wanataka pampu na paipu zake, na Laban alicheka kidogo akasema humo siku hizi hamna hata tone la maji, ni oili tupu, jina tu ndilo lililobaki. Watu wa umeme wakisema haidro ni stima ya maporomoko. Wale wanaopima mito na ziwa wana ofisi yao ya haidro. Shuleni kuna haidrojeni, gesi inayozaa maji. Mtu akiumwa na mbwa mwenye kichaa akaogopa hata kikombe cha maji, nao wana haidro yao ya woga huo. Hata wanaume wana yao, sitaiandika hapa, lakini ukimwona mzee Obiero wa nyumba ya kona anavyotembea ametanua miguu utaelewa.

"Na ya mtoto?" nikamuuliza.

Akasema ya wodi ya watoto ni maji yanayojaa kichwani na hayana njia ya kutoka. Nekoye alikuwa mlangoni anachambua mchele, akaendelea kuchambua sinia ambalo lilikuwa limekwisha kuwa safi.

Mwezi wa sita walimpeleka Nairobi akapasuliwa. Hayo nilikuandikia kwa majivuno, unakumbuka. Lakini kuna moja sikukuandikia. Daktari alipojua Laban ni fundi alimchorea kwenye karatasi ule mrija, unatoka kichwani, unapita chini ya ngozi nyuma ya sikio, unashuka shingoni mpaka tumboni. Laban akauliza vali iko wapi, maji yakirudi nyuma je. Daktari akasema huyu amepotelea kwenye matrekta. Akamshika kidole akamwekea nyuma ya sikio la mtoto, pana kitu kama kifungo cha shati. Bonyeza, kinashuka, kinarudi juu. Akamwambia, "Siku kikikataa kurudi, au mtoto akitapika na kulala sana, usingoje. Mlete siku hiyo hiyo."

Tulipata miezi mitatu mizuri, Wanyonyi. Kichwa kiliacha kukua. Mtoto alianza kucheka kwa sauti, akakaa kwa mto mgongoni, akajua kunivuta hereni. Nilimwita mama, kama desturi, naye akinisikia tu anageuka. Nilimbeba mpaka sokoni, na aliyeuliza juu ya kichwa nilimjibu, "Ndani yake mna kazi ya mafundi, nyinyi wenu wana nini?" Laban kila akifika, kabla ya kuvua viatu, alikuwa akinawa mikono na kubonyeza kile kifungo. "Kimerudi," anasema. Ndipo ananisalimu.

Sasa nifike pale ambapo kalamu yangu inakataa.

Alhamisi ya tarehe kumi Septemba mtoto alitapika. Ijumaa asubuhi nilimpeleka na Nekoye hospitali hapa mjini, sitaitaja. Walisema ni malaria, wakatupa dawa, wakasema daktari mkubwa wa watoto atakuwepo Jumatatu. Mimi niliridhika. Malaria naijua, nimelea watoto watano hapa kando ya ziwa, na wote malaria iliwapiga.

Laban alifika saa nane mchana huo huo. Nekoye alikuwa ameenda kutafuta maziwa. Alinawa mikono, akambonyeza mtoto nyuma ya sikio. Akangoja. Akabonyeza tena. Akaniita, "Mama, njoo uweke kidole." Nikaweka. Palikuwa na shimo dogo, kama pale unapobonyeza unga uliokandwa.

"Hakirudi," akasema. "Mrija umeziba. Kuna basi la saa kumi, tutakuwa Nairobi kabla ya alfajiri."

Ndugu yangu, nilimwona akikunja shuka ya mtoto, na nikakasirika. Sijui nilikasirikia nini. Mtoto alikuwa amelala hatimaye, mwili una moto, dawa ameinywa, safari ni ndefu na barabara ni mashimo. Nikamwambia, "Laban, weka hiyo shuka chini. Watu wa hospitali wamesema Jumatatu."

Akasema, "Mama, hawakugusa hapa nyuma."

Nikamwambia, "Na wewe ni daktari tangu lini? Wewe ni fundi wa miwa. Mtoto si trekta."

Niliyasema hayo mimi. Mimi niliyemtangaza bombani, sokoni, kanisani, kwa watu ambao hata hawakuuliza. Aliposimama mbele yangu akiwa fundi kweli, kwa mtoto wake mwenyewe, nilimwona kijana aliyevaa ovaroli yenye madoa ya oili. Unajua hajawahi kunijibu vibaya tangu azaliwe. Akaikunjua ile shuka, akamfunika mtoto.

Nekoye aliporudi na maziwa akauliza sasa tunafanyaje. Laban akasema, "Nimeamua tungoje Jumatatu." Alisema nimeamua. Nilimsikia, na mimi nilikuwa jikoni na mdomo wangu ulikuwa mzima.

Jumapili kengele ya kwanza ya kanisa ikilia, nilimwinua nimvalishe. Macho yalikuwa yametazama chini kama jua linalozama. Tulikimbia naye. Zeituni alitoka bila viatu akatusimamishia gari barabarani, ananiambia, "Mshike kichwa, Mama Laban, mshike kichwa." Pale wodini daktari kijana aliweka kidole nyuma ya sikio, akauliza huu mrija ulianza kukataa lini. Laban akasema Ijumaa, saa nane. Daktari akafunga macho kidogo. Kufika saa nne mama yetu alikuwa ameondoka.

Tulimzika nyumbani Kimilili Jumatano, kando ya marehemu mume wangu. Watu walikuja wengi. Baada ya udongo, Mzee Shitanda, baba yake Nekoye, aliuliza mbele ya wote, kwa upole, "Mlijua Ijumaa. Ni nani aliyesema mngoje?"

Laban akasimama. "Ni mimi, Baba."

Nilikuwa nimeketi kwenye majani pamoja na wanawake, nimejifunika leso kichwani. Sikuitoa. Nekoye alimtazama mumewe vile mtu anavyomtazama mgeni asiyemjua, na jioni hiyo aliondoka na watu wake kwenda Webuye. Hajarudi mpaka leo. Sikia, hakumtukana hata kidogo. Alisema tu hawezi kulala nyumba moja na mtu aliyejua akangoja.

Laban yuko Muhoroni. Anafanya kazi. Anakuja hapa kila mwisho wa juma, ananiletea sukari, ananisalimu, anakula. Hajawahi kuligusa jambo hilo. Akinawa mikono mlangoni anasimama kidogo, mikono inachuruzika maji, kisha anatafuta kitambaa. Siku moja nilijaribu. Nikasema, "Laban, lile neno la Ijumaa..." Akanikata, "Mama, chai yako inapoa." Anataka nife nikiwa na jina zuri. Anakubali mke wake amchukie mradi mimi nisichukiwe.

Basi hilo ndilo jibu la swali lako. Mtoto aliuawa na mrija ulioziba, na mjukuu wangu alinyimwa basi la saa kumi na bibi yake.

Sasa nakuomba. Umesema utapata likizo Desemba. Ukija usiende Kimilili moja kwa moja, shukia Webuye. Nitakungoja stendi ya Webuye tarehe kumi na tisa, na tutakwenda pamoja kwa Mzee Shitanda. Mjomba wa Laban akitangulia watatufungulia mlango, peke yangu watadhani nimetumwa na mwanangu kubembeleza. Laban sitamwambia, atanizuia. Najua ataudhika. Audhike akiwa na mke wake.

Nitayasema kwa mdomo wangu. Lakini siamini ulimi wangu, umezoea kusifu na umeshanyamaza mara moja ulipotakiwa. Kwa hiyo nikishindwa, toa barua hii, anzia pale kwenye shuka, usome kwa sauti Nekoye akisikia. Usipunguze neno. Lile la trekta ulisome pia. Nitakuwa nimeketi hapo hapo, bila leso. Ukimaliza waniulize wanachotaka, nami nitajibu. Na Nekoye akisema hatakanyaga tena nyumba yangu ya Kaloleni, atakuwa na haki. Kuna nyumba Muhoroni, ina mume wake, mimi si lazima niwe ndani yake.

Nisalimie wifi yangu Mariamu, mwambie ile kanga naivaa kila Jumapili. Nisalimie Hemedi na Subira wako, na mzee Salim jirani yako aliyetuandikia rambirambi ingawa hatujuani. Dada yetu Nabututu anakusalimu, amepunguza kukohoa. Zeituni naye anasema Mungu akulinde na vyuma vya bandarini. Mungu huyo huyo akufikishe Desemba ukiwa mzima, akupe sauti ya kusoma, na ampe Nekoye masikio.

Ni mimi dada yako anayekupenda, mama yake Laban, niliyesema wangoje,

Agneta